Mwamerika Aliyeomba Kuwa Mgeni

Terrence Boykin alifundisha jiografia kule Dayton, Ohio, kwa miaka mingi, na jambo ambalo hakuwahi kuwaambia wanafunzi wake ni kwamba Kitui yenyewe asingeweza kuionyesha kwenye ramani. Aliisikia mara ya kwanza baada ya kutema mate ndani ya kichupa na kukituma maabara, mashine ikajibu kwamba sehemu ya damu yake ilitoka Kenya, upande wa Kitui, labda. Neno "labda" aliliruka. Mtu mwenye kiu haulizi mtungi ulifinyangwa na nani.

Kanisa lake lilikuwa na urafiki na kanisa moja la Kwa Vonza, huko Kitui, nao walikuwa wakichangia kisima cha huko. Terrence akaomba likizo ya mwaka mzima kwenda kukisimamia, ingawa kisima alichowahi kusimamia maishani ni sinki la jikoni. Alinunua mashati ya kitenge kwenye mtandao, akapanda ndege. Aliposhuka Kwa Vonza alipiga magoti mbele ya watu, akaibusu ardhi ya mababu zake. Ilikuwa siku ya soko, na mahali hapo mbuzi walikuwa wamesimama tangu alfajiri. Alipoinuka akifuta midomo, watoto walikuwa wakimwita, "Mzungu, mzungu."

Terrence aligeuka kumtazama huyo mzungu. Nyuma yake hapakuwa na mtu. Yeye aliyekuwa mweusi kuliko nusu ya kwaya iliyokuja kumpokea, aliyesafiri kuvuka bahari ili mahali fulani duniani asiitwe mtu wa kwingine, alisimama pale na mavi ya mbuzi kwenye kidevu, akaumia moyo kama mtoto aliyenyimwa.

Ndiyo maana hakuwa na kinga yoyote mbele ya Mbithe. Mbithe alikuwa mjane, mwimbaji wa kwaya ya akina mama, mwenye mabinti walioolewa wote na asiye na mwana wa kiume. Kanisa lilimkabidhi Terrence kwake amtunze, naye siku ya kwanza alimpakulia muthokoi, yale mahindi yaliyokobolewa na kupikwa na maharagwe ambayo wageni huyasifu sana na kuyaacha kwenye sahani. Terrence alimaliza, akaongezwa, akamaliza tena.

"Huyu si mzungu," Mbithe aliwaambia wenzake wa kwaya. "Mzungu hawezi maliza hii. Huyu ni mtoto yangu alipotea."

Baada ya maneno hayo angeweza kumwomba figo na angepewa zote mbili.

Mbithe hakuwa mtu wa kusema na kusahau. Alikwenda kwa mzee Kithome, mwenyekiti wa ukoo wa marehemu mumewe. Ukoo huo unaitwa Mbaa Kyule, yaani watu wa nyumba ya Kyule. Akaomba apewe mtoto rasmi. Mbuzi akachinjwa. Kwa kuwa wote walikuwa watu waliookoka, pombe haikuwepo. Mzee Kithome alimwaga Fanta kidogo chini kwa ajili ya waliotangulia, na mchungaji akakumbuka ghafla kwamba ana simu ya kupiga nje. Terrence akaitwa Kaloki, jina la baba wa marehemu mume wa Mbithe, kama apewavyo mwana wa kwanza. Alilia hadi nyama ikapoa.

Tangu siku hiyo hakuna aliyepona. Alikariri kwa Kikamba yeye ni nani, mwana wa nani, wa nyumba gani, na alimtolea maneno hayo kila aliyesimama karibu naye: mwenye petroli, mng'oa meno, mtu wa kuuza maji. Polisi mmoja barabarani alimsikiliza mpaka mwisho. "Sawa, Kaloki," akasema, "lakini leseni yako imeisha."

Mtu mmoja tu ndiye ambaye hakuambiwa, na mtu huyo ni Mutindi.

Mutindi alilima mabenda, yaani bamia, kando ya mto, upande wa Kibwezi. Terrence alimkuta katika duka la Evanson Ngure, mfanyabiashara Mkikuyu aliyehamia Kibwezi zamani na kuuza mabomba na pampu hapo kwenye barabara ya Mombasa. Terrence alitumwa kununua mabomba ya kisima. Mutindi alikuwa amerudisha pampu mbovu, na Ngure alikuwa akiapa kwamba pampu haina makosa, labda mto ndio una makosa.

Terrence, aliyejifunza Kiswahili kwenye simu, aliona ni wajibu wake kuingilia. "Bibi mtukufu," alisema, "naomba niwe msaada kwako."

Mutindi alilitazama shati la kitenge, akaitazama pampu. "Unajua pampu?"

"La, sijui."

"Basi shika hapa."

Alishika. Ngure aliwasha, na Terrence akaoga matope kuanzia kwenye nyusi. Mutindi hakucheka, na hilo lilimfanya ampende papo hapo. Huku akimfuta kwa kitambaa, alikuwa akimsimulia Ngure habari za Mwamerika mwingine aliyefika mtoni mwaka uliopita, akajiita Mutua, akapiga mabenda picha, kisha akamwomba Mutindi aonekane na huzuni zaidi.

"Hawa watu wananichekesha, wakifika tu wanajiita majina yetu," alisema. "Na wewe unaitwa nani?"

Kaloki, mwana wa Mbithe, wa nyumba ya Kyule, alifumbua mdomo, akaufunga. "Terrence," akasema. Alijiona mwerevu sana. Mara ya kwanza tangu afike nchini alikuwa amenyamaza mahali pa kunyamaza. Hivyo ndivyo alivyodhani.

Kisima cha Kwa Vonza kikaanza kuhitaji mabomba kupita kiasi. Kila baada ya wiki mbili Terrence alikuwa Kibwezi, na uwanja wa Mbithe ukajaa mabomba mpaka kuku wakakosa pa kupita. Alijifunza kuchuma mabenda kabla jua halijakuwa kali, asubuhi akiwa na vidole vinavyowasha, na aligundua jambo lililomshangaza: akiwa na Mutindi alisahau kujitafuta. Saa nzima ingepita bila yeye kujiuliza ametoka wapi. Alimpenda kwa hilo, na kwa jinsi alivyopigana na madalali, na kwa sababu alipomtania hakumtania kama mgeni. Siku alipomwomba akubali kuolewa naye, Mutindi aliendelea kufunga gunia.

"Kuja kwetu Jumamosi," alisema. "Kuja na mtu mzima mmoja, usikuje na kijiji."

Terrence alitaka kumshtua Mbithe kwa furaha baadaye, kwa hiyo mtu mzima aliyemchukua ni Ngure. Na Ngure alijua mambo. Alijua kwamba bila mbuzi watatu wa ntheo, mwanamke wa Kikamba hata akizaa watoto kumi bado hajaolewa, akawachagua mbuzi mwenyewe na kuwapakia kwenye pikapu. Habari za ukoo hakuuliza. Mutindi naye hakuuliza, wala babake, mzee Jonah. Mkamba hawezi kumtazama binti mara mbili kabla hajaulizwa yeye ni wa ukoo gani, lakini ni nani amuulize Mwamerika?

Mzee Jonah aliwapokea vizuri. Kuku alikuwepo, chapati zilikuwepo, na sala ya kubariki chakula ilikuwa ndefu kuliko chakula. Mbuzi walilia nje kwa adabu. Kila kitu kilikuwa kinakwenda sawa hadi Jonah, kwa ukarimu tu, ili mgeni asikae kimya, alipouliza, "Na nyinyi Waamerika, mko na ukoo, ama mnaishi tu hivyo?"

Ngure alicheka. Terrence aliweka kikombe chini. Alikuwa amelingojea swali hilo maisha yake yote, na sasa lilikuwa limetoka kinywani mwa baba mkwe. Alisimama, akafunga kifungo cha koti, na kwa Kikamba kilichonyooka kuliko kitu kingine chochote alichowahi kusema, akatangaza kwamba yeye ni Kaloki, mwana wa Mbithe wa Kwa Vonza, wa nyumba ya Kyule.

Jikoni sufuria ziliacha kugongana. Jonah alishusha kijiko.

"Rudia," akasema.

Terrence alirudia kwa furaha, safari hii kwa sauti.

Jonah alimgeukia binti yake aliyekuwa amesimama mlangoni na birika la maji ya kunawa. "Mutindi," akasema polepole, "salimia ndugu yako."

Terrence alidhani amebarikiwa. Alinyoosha mikono yote miwili kumkumbatia mzee, na angemkumbatia kama Ngure hangemvuta koti kwa nyuma.

"Keti chini, Terry," Ngure alinong'ona. "Umejimaliza."

Alielezwa taratibu, kama anavyoelezwa mtoto. Mzee Jonah ni wa nyumba ya Kyule. Binti yake ni wa nyumba ya Kyule. Watu wa ukoo mmoja hawaoani, ni kama kuoa dada wa tumbo moja.

"Lakini mimi nilizaliwa Ohio," Terrence alisema.

"Ulichinjiwa mbuzi ama hukuchinjiwa?"

"Nilichinjiwa."

"Ukakula?"

"Baadaye, ndiyo, nilikula."

"Basi," Jonah alisema, naye alionekana kusikitika kweli.

Mbuzi watatu walirudishwa kwenye pikapu. Mutindi aliwasindikiza hadi langoni, akamtaka Terrence ataje wote aliokwisha kuwaambia jina hilo. Macho yake yalikuwa makavu, jambo lililomtisha Terrence kuliko machozi.

"Umeambia polisi. Umeambia mtu wa kung'oa meno. Mimi hukuniambia."

"Ulisema unawachukia wanaojiita majina yenu."

"Nilisema wananichekesha." Alifunga lango, akabaki upande wa pili. "Mimi siwezi olewa na ndugu yangu, Terry. Enda huko kwenu ujitoe. Ukishindwa, usirudi hapa na mabomba."

Basi Terrence, aliyevuka bahari kutafuta ukoo, akarudi Kwa Vonza kutafuta namna ya kuutoka. Wazee walikutana nyumbani kwa Kithome. Walimhurumia, wakamwongezea chai, lakini hawakuona njia.

"Mtoto harudishwi kama shati limekubana," Kithome alisema. "Sisi tunafukuza mtu amepiga mamake, ama mchawi, ama mtu ameuza shamba ya ukoo kwa siri. Wewe umefanya nini?"

"Sijafanya chochote."

"Hiyo ndio shida."

Ikambidi awe mtu mbaya, kazi asiyokuwa na kipaji nayo hata kidogo. Kwanza alikataa kwenda kwenye mazishi ya mtu wa ukoo, akakaa barazani makusudi ili waombolezaji wampite na kumwona. Walimpungia mkono. Jioni walimletea chakula cha matanga, wakidhani anaumwa tumbo. Halafu katika karamu moja alijichukulia kipande cha nyama ambacho huliwa na wazee peke yao, akakitafuna mbele yao akingoja kufukuzwa. "Mwacheni," Kithome alisema. "Ni mgeni, hajui." Mwishowe alifanya lile ambalo hata yeye alijua ni aibu kubwa. Aliingia chumbani kwa Mbithe na kuketi juu ya kitanda chake, kitu ambacho mwana mtu mzima hafanyi kwa mamake mzazi. Mbithe alisimama mlangoni, akamwona, akacheka hadi akashika ukuta.

"Wazungu," alisema, akijifuta machozi. "Kweli hawajui kitu."

Hakuwa na ubaya wowote alipolisema. Ndiyo maana lilimchoma hadi ndani. Terrence alitoka akaenda moja kwa moja kwa Kithome, akamkuta akifunga ng'ombe.

"Mzee, mwanao akiketi kwenye kitanda cha mamake, unamfanyaje?"

"Analeta mbuzi ya kusafisha hiyo maneno. Na namchapa, hata kama ako na mvi."

"Na mimi?"

Kithome alishughulika na kamba kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika. "Wewe ni wewe," akasema.

Terrence alikwenda Kibwezi bila kisingizio cha mabomba. Alimkuta Mutindi akipanga mabenda kwenye makreti, akamweleza yote, pamoja na kitanda. Hakuna aliyemwona kuwa mwana. Walimchinjia mbuzi, wakampa jina, wakamsamehe kila kitu, na mtu husamehewa kila kitu pale tu ambapo hahesabiwi.

Mutindi aliacha makreti. "Si basi umepata njia."

"Njia gani?"

"Simama mbele yao useme wewe ni mgeni. Mgeni anaweza oa."

Terrence alijaribu kueleza kwa nini hiyo ndiyo sentensi pekee asiyoweza kuitamka. Alimweleza habari za nyanya yake, ambaye alipoulizwa na mjukuu wake familia yao ilitoka wapi, alijibu, "Nyumba ya pili kutoka kanisani," akaingia ndani na kufunga mlango. Alieleza jinsi mtu anavyoweza kukua na mlango huo kichwani. Mutindi alisikiliza yote.

"Mimi najua wewe ni nani," alisema. "Wewe ni mtu anaunguza ugali na anaogopa jogoo. Mimi hiyo imenitosha. Ni wewe haijakutosha."

Wazee walikutana tena. Mbithe alikuja pia, akaketi karibu na mlango na leso yake ya kwaya. Terrence alisimama. Yale maneno ya Kikamba aliyoyakariri yalitaka kutoka yenyewe, akayameza. Akasema kwa Kiswahili chake cha simu, "Wazee wangu, mimi si mwana wa nyumba hii. Mimi ni mgeni. Naomba mnihesabu kuwa mgeni."

Alitarajia huzuni. Alichokiona ni mabega ya wazee yakishuka kwa nafuu, kama watu waliotua mizigo. Wote walikuwa wametaka aoe tangu mwanzo. Ila adabu hairuhusu kumwambia mgeni kwamba yeye ni mgeni.

"Tumesikia," Kithome alisema haraka. "Hata ile mbuzi, mimi nakumbuka ilikuwa ya kukaribisha mgeni tu."

Ikawa kila mmoja anakumbuka hivyohivyo. Mchungaji alikumbuka zaidi kuliko wote, ingawa siku ile alikuwa nje kwa simu.

Mbithe peke yake hakukumbuka lolote. Alimtazama Terrence, akafunga leso. "Nimesikia, mgeni," akasema, akaondoka. Terrence alipofika nyumbani alikuta sanduku lake limewekwa nje, nguo zimekunjwa vizuri, na mashati ya kitenge yamepigwa pasi. Afadhali angetukanwa.

Mbuzi wa ntheo, ambao Ngure alikuwa amewanenepesha nyuma ya duka, walipelekwa tena, na mara hii wakabaki. Mutindi akaolewa. Mamake mzazi alimfurahia mkwe huyu kupita kiasi: alimsalimia kwa mkono, akaketi naye meza moja, akapiga naye picha za simu na kuzituma kwa kila mtu wa kanisa. Terrence alijiona amepokelewa vyema. Lakini Ijumaa zikifika, siku ambayo Mbithe alizoea kupika muthokoi, alitamani kula, na alijua si mahindi anayoyatamani.

Baada ya majuma kadhaa alijikaza akaenda Kwa Vonza kumwomba Mbithe msamaha. Alimwona kwa mbali kwenye njia ya kutoka kanisani, akiwa na kikapu. Akainua mkono. Mbithe alimwona, akasimama, akajifunika uso kwa leso, kisha akaiacha njia na kuingia vichakani, ndani ya miiba, mama wa umri ule, akajificha huko mpaka Terrence alipopita.

Alirudi Kibwezi akiwa amevunjika. "Ananichukia," alimwambia Mutindi. "Amekimbilia kwenye miiba ili asinione."

Mutindi aliacha kisu alichokuwa akikatia sukuma. "Alijifunika uso?"

"Ndiyo."

"Akatoka kwa njia kabisa?"

"Nimekwambia, akaingia kwenye miiba."

Mutindi aliketi chini, na kwa mara ya kwanza tangu wajuane, Terrence aliona macho yake yakilowa. "Hiyo ni nthoni," alisema. "Mimi ni mtoto wa ukoo, mama wote wa ukoo ni mama zangu. Mama mkwe hakutani na mume wa mtoto wake kwa njia wala hamsemeshi, ni heshima. Watu wa zamani walifanya hivyo. Siku hizi wengi wameacha." Aliisogeza sukuma kando. "Mama yangu anakusalimia kwa mkono kwa sababu anaona wewe ni mzungu. Mzungu hakimbiwi, Terry. Hakuna mtu amewahi kimbia mzungu kwa miiba."

Terrence alikwenda nje akasimama kando ya pampu kwa muda, akilia kwa furaha, kwa sababu mwanamke mzee alikuwa amemkwepa barabarani.

Ijumaa iliyofuata alikuwa tena kwenye njia ile. Alipomwona Mbithe anatokea hakuinua mkono. Alivuta kofia usoni, akaruka kuingia vichakani upande wa kushoto, na wakati huohuo akasikia matawi yakivunjika upande wa kulia. Mwiba ulimwingia gotini. Akachuchumaa akiwa ameshika pumzi, akingoja mwenzake apite, na upande wa pili Mbithe naye alikuwa akingoja.

Hapakupita mtu. Kisha sauti ya Mbithe ikasikika, ikizungumza na mbuzi mmoja aliyekuwa akila majani pale katikati ya njia.

"Wewe mbuzi," ilisema, "kama kuna mtu ako na njaa, mwambie muthokoi iko kwa moto. Mimi nitakuwa nimeenda kwa jirani. Na mwambie asikae kwa kitanda yangu."